Mwongozo kwa Mwandishi wa Skripti Aliye Kazini: Mafunzo kutoka kwa Sally Wainwright

Mwongozo huu ni wa mtu mwenye ajira, awe karani, mwalimu, dereva, muuguzi au askari, ambaye akishamaliza shughuli za mchana huketi kuandika skripti ya filamu au tamthilia ya televisheni. Umefuata maisha ya kazi ya mwandishi mmoja wa Uingereza, Sally Wainwright, muundaji wa Happy Valley na Last Tango in Halifax, aliyepata tuzo ya BAFTA ya uandishi wa drama mara 3. Nimemchagua kwa sababu safari yake ina hatua ambazo mtu wa kawaida anaweza kuzifuata. Alianza akiwa na kazi nyingine mkononi, akaandika hadithi za watu wengine kwa miaka, ndipo akafika kwenye hadithi zake mwenyewe. Katika kila hatua kuna jambo la kufanya na jambo la kujihadhari nalo.

Ajira uliyo nayo sasa

Wainwright alizaliwa 1963 Huddersfield na kukulia Sowerby Bridge, mji mdogo wa viwanda vya sufu katika bonde la mto Calder, kaskazini mwa Uingereza. Alisoma fasihi ya Kiingereza Chuo Kikuu cha York. Mchezo wa jukwaani alioupeleka kwenye tamasha la Edinburgh ulimpatia wakala, yaani mtu wa kumtafutia kazi na kumsimamia kwenye mikataba. Wengi wakifika hapo hudhani wameshavuka. Lakini wakala halipi kodi ya nyumba. Wainwright alikwenda London akawa dereva wa basi la abiria, huku akiandika, hadi alipopata nafasi ya kuandikia The Archers, tamthilia ya redio ya BBC, akiwa na umri wa miaka 24.

Kwa hiyo shauri la kwanza ni hili: usiandike barua ya kuacha kazi kwa sababu mtayarishaji mmoja amekusifia. Sifa si mkataba, na mkataba wenyewe si fedha mpaka malipo ya kwanza yaingie. Kipimo ninachokipendekeza ni kwamba usiache ajira mpaka uwe umelipwa kwa kazi ya pili. Kazi ya kwanza inaweza kuja kwa bahati. Ya pili inaonyesha kwamba kuna mtu aliyefanya kazi nawe na bado anakuhitaji.

Ajira hiyo pia ni ghala la hadithi. Mwaka 2006 kituo cha ITV kilirusha tamthilia ya Wainwright iitwayo Jane Hall, kuhusu msichana anayeendesha basi London. Muda wa usukani haukupotea. Lakini hapa pana tahadhari ambayo waandishi wengi wanaipuuza. Muuguzi ana siri za wagonjwa, karani wa benki ana siri za wateja, askari ana siri za upelelezi, na wote wamefungwa na sheria au kiapo. Unaloruhusiwa kuchukua ni hali: jinsi foleni inavyokwenda, jinsi bosi anavyokataa ombi, jinsi mtu anavyosimama anapopokea habari mbaya. Usichukue mtu halisi pamoja na tukio lake halisi kiasi kwamba jirani yake akitazama atamtambua. Badilisha umri, kazi, mahali na ukoo, kisha jiulize kama hadithi bado inasimama. Ikiwa haisimami, basi ulichonacho ni habari ya mtu na si kisa ulichokitunga.

Kuandika hadithi za wengine

The Archers ilianza kusikika nchi nzima Januari 1951, na ilikusudiwa pia kuwafundisha wakulima wa Uingereza mbinu bora za kilimo baada ya vita. Msikilizaji wa Kiswahili anaufahamu utaratibu wa namna hiyo: Radio Tanzania ilianza kurusha Twende na Wakati mwaka 1993, ikichanganya kisa na elimu ya uzazi wa mpango na UKIMWI. Katika redio hakuna uso wala mandhari ya kumsaidia mwandishi. Msikilizaji asipotambua anayesema ndani ya maneno yake ya kwanza, sini imekwama. Ndiyo maana ninawahimiza wanaoanza waombe kazi ya redio bila kuidharau. Huko sikio hunolewa kuliko kokote.

Baadaye, kuanzia 1994 hadi 1999, Wainwright aliandikia Coronation Street, tamthilia ya mtaa mmoja wa wafanyakazi inayorushwa na ITV tangu Desemba 1960. Wakati ule zilikuwa episodi 3 kwa wiki, zikawa 4 kuanzia 1996. Kwa kasi hiyo hakuna mtu mmoja anayeweza kuandika yote. Waandishi hukutana mezani, hubishana kuhusu mwelekeo wa kila mhusika, na wasimamizi wa hadithi hugawanya maamuzi hayo katika episodi. Wewe unapewa episodi yako na muhtasari wa sini zake. Wahusika si wako. Huwezi kumuua mtu, kumwozesha wala kumhamisha. Seti unazoruhusiwa zinahesabika, waigizaji waliopo wiki hiyo wanahesabika, na dakika za matangazo zimeshapangwa. Ndani ya kuta hizo ndogo unatakiwa kuandika mazungumzo yatakayomfanya mtu aliyechoka na kazi asiondoke mbele ya televisheni.

Wapo wanaoiona kazi hii kuwa ya chini. Sikubaliani nao hata kidogo. Ni miongoni mwa mahali pachache ambapo mwandishi analipwa huku akijifunza kumaliza. Anajua tarehe ya kukabidhi haisogei. Anapokea maelekezo ya kurekebisha, mara nyingine yanayopingana, na anarudisha rasimu safi bila kununa. Anasikia maneno yake yakitoka kinywani mwa mwigizaji ndani ya muda mfupi, na hapo hapo anagundua sentensi zinazoukwaza ulimi. Leo Afrika Mashariki ina tamthilia za televisheni zinazorushwa siku hadi siku, na nyuma yake zipo timu za waandishi. Ukipata nafasi humo, ichukue, hata kama jina lako litapita haraka mwishoni.

Ukiwa ndani ya timu, zingatia haya. Soma au tazama episodi za nyuma kabla ya kuandika hata mstari, kwa sababu mtazamaji anakumbuka na atakukamata. Mezani usitetee wazo lako kwa sababu ni lako. Eleza linamfanyia nini mhusika, kisha likikataliwa liache. Na rasimu yako ikibadilishwa na mhariri wa hadithi, linganisha matoleo mawili mstari kwa mstari. Somo hilo utalipata bure, na ni adimu.

Kujua wakati wa kutoka

Shule haina budi kuwa na mwisho. Kay Mellor, mwandishi maarufu kutoka Leeds aliyeunda Band of Gold, ndiye aliyemhimiza Wainwright aondoke Coronation Street akaandike kazi yake. Matokeo yalikuwa At Home with the Braithwaites, iliyorushwa na ITV kuanzia 2000 hadi 2003: mama wa nyumbani wa Leeds anashinda pauni milioni 38 za bahati nasibu na haambii mtu nyumbani kwake. Wazo hilo linaelezeka kwa pumzi moja, na papo hapo msikilizaji anaanza kuuliza maswali. Nani atagundua kwanza? Mume atasema nini? Fedha zitaenda wapi? Ukitaka kumwelezea mtayarishaji wazo lako, lipime kwa namna hiyo. Msomee mtu asiye mwandishi sentensi moja tu, unyamaze, usikilize kama atauliza.

Mtafute mwenzako wa aina ya Mellor. Awe mtu aliyekutangulia kazini, asiyeogopa kukuambia kwamba umeshatosha hapo ulipo. Marafiki watakusifia, huyu atakusukuma.

Nisikufiche kwamba baada ya kutoka mambo hayakunyooka moja kwa moja. The Amazing Mrs Pritchard, tamthilia ya 2006 kuhusu meneja wa duka kubwa anayekuwa waziri mkuu, iliishia msimu mmoja. Jane Hall nayo vivyo hivyo. Hata alipokuwa na jina kubwa, Gentleman Jack ilisimama 2022 baada ya misimu 2 kampuni ya Marekani iliyoshirikiana na BBC ilipojitoa, na Renegade Nell ya Disney+ ya 2024 haikupata msimu wa pili. Katika kazi hii kusimamishwa ni jambo la kawaida, kwa hiyo panga fedha zako na kazi zako ukilijua hilo. Mwandishi makini huwa na angalau mawazo matatu katika hatua tofauti: moja linaandikwa, moja linasubiri jibu, moja bado ni maelezo ya ukurasa.

Mahali unapopajua

Nguvu kubwa ya Wainwright ni kwamba alirudi kwao. Kazi zake nyingi zimekaa Yorkshire, katika vilima na miji ya bonde lile alilokulia, na watu wake wanazungumza lafudhi ya huko bila kuomba radhi. Hata jina Happy Valley, lenye maana ya bonde la furaha, ni jina ambalo polisi wa eneo hilo walilitumia wao kwa wao kwa sababu ya dawa za kulevya zilizolikumba bonde hilo.

Itazame sini ya kwanza ya tamthilia hiyo, iliyoanza kurushwa na BBC 2014. Kijana mlevi aliyeachwa na mpenzi wake yuko kwenye uwanja wa michezo wa watoto, amejimwagia petroli na anatishia kujiwasha. Sajini Catherine Cawood anachukua kizimamoto na miwani ya jua dukani, anakwenda kumkabili. Ili kumfanya kijana aendelee kuzungumza, anajitambulisha: umri wake, talaka yake, dada yake anayeishi naye na ambaye anapambana kuachana na heroini, watoto wake wawili wakubwa, mmoja amefariki na mwingine hasemi naye, na mjukuu anayemlea.

Angalia kilichofanyika hapo. Mtazamaji amepewa historia nzima ya mhusika mkuu ndani ya dakika chache, maelezo ambayo mwandishi mchanga angeyapanga kwenye mazungumzo ya jikoni ambayo watu wawili wanaambiana mambo wanayoyajua tayari. Hapa kila taarifa ina kazi. Sajini anasema ili kuokoa maisha, na kijana anasikiliza kwa sababu hajawahi kuyasikia. Hatari ipo, ucheshi upo kwenye ile miwani, na jeraha litakaloendesha misimu yote 3 limeshatajwa. Kabla ya kuandika mazungumzo ya kueleza, jiulize: anayesema anataka kupata nini kwa kusema haya, sasa hivi? Ukikosa jibu, futa.

Tena uhalifu mzima wa msimu wa kwanza unaanza ofisini. Mhasibu anamwomba mwajiri wake nyongeza ya mshahara ili alipe ada ya shule ya binti yake. Anakataliwa. Kwa uchungu anakwenda kwa mhalifu na kupendekeza binti wa mwajiri atekwe. Mfanyakazi yeyote anayasoma hayo akijua uzito wa kusimama mbele ya meza ya bosi kuomba nyongeza. Ukisubiri upate kisa cha majasusi na ndege za kivita, utasubiri sana. Chumba cha mapokezi cha ofisi yako kina drama ya kutosha misimu kadhaa.

Last Tango in Halifax, iliyoanza 2012, ilitoka karibu zaidi. Mama yake Wainwright, akiwa mjane, alikutana tena kwa njia ya intaneti na mwanamume waliyejuana tangu ujana, wakaoana. Mwandishi akaunda wazee wawili, Celia na Alan, wanaopatana tena baada ya miaka 60. Ikiwa nawe unataka kuandika kisa cha ndugu yako, mwombe ruhusa kabla ya kuandika, wala usisubiri hadi siku ya kurushwa. Familia ni ya maisha, tamthilia ni ya msimu.

Usilolijua, uliza. Scott & Bailey, tamthilia ya wapelelezi wawili wanawake wa Manchester iliyoanza 2011, ilitokana na wazo la waigizaji Suranne Jones na Sally Lindsay. Wainwright aliiunda pamoja na Diane Taylor, aliyewahi kuwa mpelelezi wa polisi wa Manchester, na ndiyo maana mahojiano ya watuhumiwa mle yana utulivu na utaratibu wa kweli. Mtaalamu wa namna hii mheshimu kwa vitendo: mlipe, mtaje, na asome rasimu.

Subira ni sehemu ya kazi

Anne Lister wa Halifax aliishi kati ya 1791 na 1840. Alikuwa mwenye ardhi na migodi ya makaa ya mawe, aliyeacha shajara zinazokadiriwa kufikia maneno milioni 5, sehemu yake kwa maandishi ya siri aliyoyatumia kueleza mapenzi yake na wanawake. Wainwright aliifahamu nyumba yake, Shibden Hall, tangu utotoni. Alilibeba wazo la kumwandikia tamthilia kwa karibu miaka 20 kabla Gentleman Jack haijarushwa 2019. Mafanikio ya Happy Valley ndiyo yaliyofungua masikio yaliyokuwa yameziba. Usitupe wazo lililokataliwa. Liandikie tarehe, lihifadhi, lirudie kila upatapo nguvu mpya ya jina.

Msimu wa 3 wa Happy Valley nao ulikuja 2023, miaka 7 baada ya wa pili, kwa sababu Wainwright alitaka mvulana aliyeigiza mjukuu akue, ili mjukuu huyo afikie umri wa kuamua mwenyewe kuhusu baba yake mhalifu. Huenda BBC wangeupokea mapema. Yeye aliona hadithi haijaiva.

Hakimiliki, mkataba na malipo

Sehemu hii isome mara mbili, maana hapa ndipo watu wenye vipaji wanapoumia.

Hakimiliki hulinda maneno uliyoyaandika. Wazo tupu halilindwi. Ukimsimulia mtu wazo lako hotelini ukiwa huna hata ukurasa mmoja, huna cha kudai. Andika kwanza, weka tarehe, tuma kwa barua pepe, tunza nakala. Haki hiyo huzaliwa pale kazi inapoandikwa, na Uingereza hudumu maisha ya mwandishi na miaka 70 baada ya kifo chake.

Kwa sheria ya Uingereza ya 1988, kazi ambayo mwajiriwa ameiandika katika kutekeleza ajira yake ni mali ya mwajiri, isipokuwa mkataba useme vingine. Sheria nyingi za nchi nyingine zina kanuni inayofanana. Kwa aliye kazini hili ni zito. Soma mkataba wako wa ajira, hasa vifungu vya kazi za nje na mali ya ubunifu. Usiandike skripti kwenye kompyuta ya ofisi wala kwa muda wa ofisi. Kama unafanya kazi kituo cha televisheni au kampuni ya matangazo, pata ruhusa ya maandishi kabisa.

Uingereza waandishi wana chama chao, Writers' Guild of Great Britain, kilichoanzishwa 1959, ambacho hujadiliana na BBC, ITV na watayarishaji kuhusu viwango vya chini vya malipo. Chini ya mikataba ya aina hiyo malipo hugawanywa kwa hatua: muhtasari, rasimu ya kwanza, rasimu ya pili, kisha kuanza kwa upigaji picha. Kazi ikirudiwa au kuuzwa nje, mwandishi hupata tena. Mpangilio huo wa hatua unaweza kuuomba hata pale ambapo chama hakipo. Mtayarishaji anayetaka rasimu tano kwa ahadi ya kukulipa filamu ikiuzwa anataka wewe ubebe hasara yake. Mkatalie kwa adabu.

Katika mkataba tafuta mambo haya kabla ya kuweka sahihi: jina lako litaandikwaje na wapi, rasimu ni ngapi kwa malipo yaliyotajwa, nani ana haki ya msimu wa pili, ya lugha nyingine na ya kitabu, na haki zitarudi kwako lini endapo kazi haitapigwa picha. Kifungu hiki cha mwisho husahauliwa sana, na matokeo yake ni skripti nzuri kufungiwa kabatini kwa kampuni isiyo na nia ya kuitengeneza.

Kuhusu wakala, yeye hulipwa asilimia ya kile unachokipata. Anayekuomba fedha ili asome kazi yako, mkimbie.

Kutuma kazi

Usitume rasimu ya kwanza. Tumia mpangilio wa kawaida wa skripti, ambao ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja ya picha, na zipo programu zinazoupanga wenyewe. BBC ina kitengo kinachopokea skripti za waandishi wasio na wakala kwa vipindi maalumu, kwa wakazi wa Uingereza na Ireland. Mswahili anayeishi huko asiogope kujaribu. Kwa miaka mingi wasomaji wao wa awali walianza na kurasa 10 za mwanzo ili kuamua kama waendelee. Kurasa hizo zipe nusu ya muda wako wa marekebisho.

Kazi husajiliwa kwenye ofisi ya hakimiliki ya nchi: kwa aliye Tanzania ni COSOTA, na kwa aliye Kenya ni KECOBO. Usajili si sharti la kuwa na haki, lakini mgogoro ukitokea ni ushahidi utakaoushukuru. Sajili skripti yako kabla ya kuituma kwa mtayarishaji yeyote, na usiweke sahihi kwenye mkataba ambao hajausoma mtu anayeijua sheria.